Saiba za Kisumu na wasifu wa mkubwa aliyeanguka

Ukitaka wasifu mfupi wa kuchapisha kwenye ratiba ya hafla au mazishi, saiba (maduka ya intaneti na uchapishaji) za katikati ya Kisumu huifanya kazi hiyo chapuchapu, na mpangilio wao ni safi: picha juu, kisha elimu, kazi, familia. Shida huanza pale mhusika aliwahi kuwa mtu mkubwa kisha mambo yakaharibika.

Kosa la kawaida ni kufungua faili ya zamani na kubadilisha tarehe tu. Gavana aliyeondolewa anatoka kwenye printa bado "Mheshimiwa Gavana". Wengine huvuka mpaka upande wa pili: wanaandika ametimuliwa, ilhali kura iliyopigwa ni ya bunge la kaunti pekee. Hapo bado, Seneti ndiyo huamua. Kwa hivyo nenda na karatasi yenye cheo, mwaka wa kuingia, mwaka wa kutoka na nani alimwondoa.

Wanamichezo ndio huwashinda kabisa. Mfano ni Lance Armstrong: alipokonywa mataji yake 7 ya Tour de France mwaka 2012, lakini kilichomjulisha duniani ni baiskeli. Mstari wa kwanza useme "mwendesha baiskeli wa zamani wa Marekani", wa pili utaje dawa za kuongeza nguvu alizotumia na mataji aliyopokonywa. "Tapeli" si kazi, jamani. "Mfanyabiashara" nalo wanalipenda mno. Kama hakuna biashara inayojulikana, lifutwe.

Omba nakala moja uisome kabla hawajachapisha zote. Wakikataa, ingia duka linalofuata.