Nina hati ya uraia mkononi, naambiwa nilete uthibitisho: uzoefu wangu na uhakiki wa SAVE

Naandika haya kabla hasira haijapoa, maana ikipoa nitaanza kumtafutia yule mama wa dirishani, ofisi ya leseni, visingizio, na hastahili hata kimoja.

Aliyepitia safari ya makaratasi Marekani anaijua siku ya kiapo cha uraia. Unarudisha grini kadi, yaani kadi ya ukaazi, unanyoosha mkono, unaapa, unakabidhiwa hati yenye picha yako, sahihi yako na namba yake. Unatoka ukumbini unapiga picha na wanao. Unaamini kuanzia hapo hakuna tena mtu wa kukuuliza wewe ni nani. Mimi niliamini hivyo miaka kadhaa, mpaka nilipokwenda kubadilisha leseni ya udereva.

Leseni niliyoitaka ni ile ya REAL ID, yaani inayokubalika pia kama kitambulisho cha kupandia ndege. Sheria yake ni ya 2005, lakini viwanja vya ndege vilianza kuidai tarehe 7 Mei 2025, ndiyo maana watu wengi tumekimbilia ofisi za leseni wakati mmoja. Sheria hiyo inataka jimbo lihakikishe kwamba mwombaji ni raia au yuko nchini kihalali. Kwa sisi tuliozaliwa nje, karani anauliza mfumo wa SAVE, wa kuhakiki uraia na ukaazi, unaoendeshwa na idara ya uraia na uhamiaji ya serikali kuu. Anaingiza jina, tarehe ya kuzaliwa na namba moja ya utambulisho, ama ile namba ya A (namba ya mgeni ya uhamiaji) tuliyoishi nayo tangu tuombe ukaazi, ama namba ya hati ya uraia. Kwa kawaida jibu linarudi ndani ya sekunde chache.

Kwangu lilirudi kwamba uhakiki zaidi unahitajika. Mama yule akalisoma, akanyanyua uso, akasema kwa sauti iliyofika mpaka viti vya nyuma: "Bwana, mfumo hauonyeshi kuwa wewe ni raia."

Hati yangu ilikuwa mkononi mwake. Aliigeuza nyuma, akaigeuza tena mbele, kisha akauliza: "Una kitu kingine cha kuonyesha kwamba wewe ni raia kweli?"

Nikamwambia hati aliyoishika ndiyo yenyewe. Akaniambia kama sina kingine, nilete grini kadi, anaweza kunishughulikia kama mkaazi. Nikamweleza, kwa utulivu ambao leo najutia kuutumia, kwamba grini kadi niliirudisha siku ya kiapo, na kila anayeapishwa anatakiwa kuirudisha ndipo apewe hati. Akasema: "Basi mimi siwezi kukusaidia." Nikaomba msimamizi. Msimamizi akaja, akaangalia skrini, mimi hakuniangalia kabisa, akasema niwasiliane na Uhamiaji. Namba ya mtu mwingine ikaitwa na mimi bado nimesimama pale.

Nimewahi kungoja foleni ndefu kuliko ile, nimewahi kulipa ada zilizoniumiza, na sikuandika popote. Hili limenikaa rohoni kwa sababu nilichoombwa hakipo. Mkaazi nilikuwa, sasa si mkaazi. Raia nimekuwa, naambiwa si raia. Yule mama alinitaka nirudi kuwa kitu ambacho serikali hiyohiyo ilinivua mbele ya jaji, na alisema hivyo bila kuona tatizo lolote. Watu waliokuwa wamekaa nyuma yangu walisikia neno "si raia". Miaka hii, katika nchi ile, hilo si jambo la kutamkwa ovyo ndani ya ukumbi wa watu. Nilitoka nikiangalia chini kana kwamba nimekamatwa na kitu cha wizi.

Usiku huo ningeipa SAVE nyota sifuri. Nilishaanza hata kuandika.

Aliyenizuia ni shemeji yangu, anafanya kazi ofisi ya ajira hospitalini na mambo haya anayaona kila wiki kwa upande wa waajiri, wanaotumia mfumo mwingine uitwao E-Verify, wa kuhakiki kama mtu anaruhusiwa kufanya kazi. Akaniuliza: "Shemeji, walikupa barua ya kukukatalia?" Nikasema hapana. "Walikupa namba ya kesi?" Hapana. Akaguna. Akanieleza kwamba kule kwao, rekodi za mfanyakazi zisipolingana, mwajiri lazima amjulishe, na akitaka kupinga ana siku 8 za kazi za serikali kuanza kulishughulikia. Muda huo wote hafukuzwi kazi kwa sababu ya jibu hilo. Kwa SAVE nako kuna utaratibu. Ofisi yoyote inayotaka kuutumia mfumo husaini makubaliano na idara ya uhamiaji. Jibu la kwanza likidai uhakiki zaidi, ofisi inapaswa kuendelea na hatua inayofuata, ikibidi kutuma nakala ya hati ili mtumishi wa uhamiaji akague rekodi kwa macho yake. Haitakiwi kumnyima mtu huduma kwa jibu la kwanza. Na ikimnyima, impe maandishi, na imwelekeze wapi pa kwenda kurekebisha rekodi zake.

Kwa hiyo mfumo haukuwa umesema mimi si raia. Ulisema: bado, endeleeni kuangalia. Mama akaamua mwenyewe jibu la mwisho ni lipi.

Shemeji akanifungulia ukurasa wa serikali uitwao CaseCheck. Hapa lazima nitende haki, maana ukurasa ule ulinifurahisha kuliko kitu chochote cha serikali nilichotumia siku za karibuni. Ni bure, haukulazimishi kufungua akaunti. Unaweka tarehe ya kuzaliwa na namba ya kesi, au namba yako ya uhamiaji, unaona kesi yako imefika wapi. Yangu ilionyesha wazi kwamba imerudishwa kwa ofisi iliyouliza, inangoja wao wachukue hatua. Imekaa tu pale, haijaguswa, na mimi nimetumwa nikawatafute Uhamiaji! Niliuchapisha ukurasa ule. Mke wangu aliniona natabasamu akadhani leseni imetoka.

Kwa nini kompyuta haikunitambua mara moja? Shemeji anashuku jina, nami nakubaliana naye. Jina langu lina "bin" katikati. Kwenye makaratasi ya mwanzo liliandikwa kama jina la kati, kwenye hati ya uraia likagandishwa na jina la ukoo likawa neno moja. Mashine inalinganisha herufi, haijui kwamba kwetu mtu hubeba jina lake, la babake na la babu yake, na kwamba "jina la ukoo" mara nyingi tunalipata siku ya kujaza fomu ya viza. Kuna wenzetu ambao pasi zao zilikuwa na jina moja tu, wakaandikiwa FNU ("jina la kwanza halijulikani" kwa Kiingereza) mahali pa jina la kwanza, na herufi hizo zinawafuata mpaka leo.

Nilirudi na karatasi yangu. Nikaangukia dirisha la kijana mmoja, sijui kama ni mgeni kazini, lakini alisoma nilichompa mpaka mwisho. Akasema: "Pole kwa usumbufu, hii ilitakiwa ipelekwe hatua ya pili." Akaipiga skani hati yangu. (Wengi wetu tunaogopa hata kuitolea kopi, kwa sababu imeandikwa juu yake kwamba kuinakili bila mamlaka halali ni kosa. Kumbe kuiwasilisha kwa ofisi inayohakiki ni matumizi halali kabisa.) Hakupandisha sauti, hakuuliza "kweli". Haukupita muda mrefu, jibu likaja kwamba mimi ni raia, na leseni ikaletwa kwa posta.

Nikaamua: nyota nne. Mfumo unafanya kazi, makosa ni ya mtu mmoja.

Lakini kadiri ninavyoandika ndivyo ninavyoshindwa kuziacha hapo. Kijana na mama wanakaa ofisi moja, wanasoma ujumbe uleule. Kama uraia wangu unategemea dirisha gani limeita namba yangu, basi nimeapa kwa ajili ya nini? Na CaseCheck, pamoja na uzuri wake, inakuonyesha kesi iko wapi tu. Jibu lenyewe haikuonyeshi, unaambiwa ukawaulize walewale waliokufukuza.

Halafu mambo haya hayaishii kwenye leseni. Januari 2019 maofisa wa Texas walitoa orodha ya wapigakura takriban 95,000 waliowatilia shaka kuwa si raia, wakitumia kumbukumbu za leseni. Wengi walikuwa watu kama mimi. Walipata leseni wakiwa wakaazi, baadaye wakaapishwa, na kumbukumbu ya leseni haikujua. Kesi zikafunguliwa, na miezi michache baadaye jimbo likakubali kuiacha orodha ile. Mwaka 2025 SAVE yenyewe ilipanuliwa, sasa majimbo yanaweza kukagua majina ya wapigakura kwa kutumia namba ya soshali, yaani ya hifadhi ya jamii. Na kumbukumbu za soshali hazibadiliki zenyewe kwa sababu tu umekula kiapo. Tangu Aprili 2024 fomu ya kuomba uraia ina sehemu ya kuomba taarifa zipelekwe huko moja kwa moja. Sisi tulioapa kabla ya hapo, asiyekwenda ofisini na hati yake anaweza kuwa bado amesajiliwa kama mgeni bila kujua.

Nyota nne nimezifuta. Nimeweka mbili, zote za yule kijana na ule ukurasa. Malalamiko nimeyapeleka kwa maandishi kwa wakubwa wa ofisi ile, nikitaka wanieleze kwa nini kesi yangu iliachwa na kwa nini sikupewa barua. Hawajajibu. Wakijibu vizuri nitaongeza moja, siahidi zaidi.

Ukiwa umekwama sasa hivi: usiondoke dirishani bila namba ya kesi ya SAVE. Wakikataa kukuhudumia, dai sababu kwa maandishi, na subiri hapohapo mpaka wakupe.