Mashimo meusi: kuyapiga picha au kunasa mawimbi yake?
Shimo jeusi, yaani kitu chenye mvutano mkali kiasi kwamba hata mwanga hauponyoki, halitoi nuru, kwa hiyo wanasayansi hulichunguza kupitia athari zake kwa vitu vinavyolizunguka.

Njia mojawapo ni picha. Mradi wa Event Horizon Telescope uliunganisha darubini za redio za mabara kadhaa, zikafanya kazi kama darubini moja yenye upana wa Dunia. Mwaka 2019 ulitoa picha ya shimo la galaksi ya M87, lenye uzito wa Jua mara bilioni 6.5 hivi: kivuli ndani ya pete ya gesi ya moto. La galaksi yetu likafuata mwaka 2022.

Mimi navutiwa zaidi na mawimbi ya mvutano, kwani hayahitaji gesi wala mwanga. Mashimo mawili yanapoungana, nafasi yenyewe ya ulimwengu hutikisika na kusambaza mawimbi hayo. Septemba 2015, vifaa vya LIGO nchini Marekani, vyenye mikono ya kilomita 4, vilinasa mtikisiko wa muungano kama huo, mdogo kuliko upana wa protoni (chembe iliyo ndani ya atomi). Uzito wa kama Jua mara 3 ulikuwa umegeuka nishati, ajabu kubwa! Lakini ishara hiyo ilidumu chini ya sekunde moja, ilhali shimo la M87 hupigwa picha tena na tena.