Kellogg's Corn Flakes kwenye biskuti za friji

Biskuti za konfleksi hazikosi kwenye sinia za Idi huku kwetu pwani, na miaka yote nimekuwa nikizifinyanga vidonge vidonge kwa mkono. Safari hii niliamua kuligandisha donge kwenye friji kisha kulikata kwa kisu, nikitumia Kellogg's Corn Flakes, na nimeridhika nazo kabisa.

Nilichanganya siagi gramu 250, sukari laini gramu 150, kiini cha yai moja, unga wa ngano gramu 350 na iliki iliyotwangwa. Donge nililiviringisha likawa refu kama mhogo mwembamba, nikalifunga kwa plastiki na kuliacha kwenye friji kwa saa 3. Siagi iliyoganda huchelewa kuyeyuka ndani ya oveni, kwa hiyo biskuti huwahi kushika umbo kabla haijatanda kwenye trei.

Jambo la kuangalia sana ni wakati wa kutia konfleksi. Mara ya kwanza nilizikanda ndani ya donge tangu jioni. Usiku kucha zikanywa unyevu, na asubuhi kisu kilipita kimyakimya, hapakuwa na hata chembe iliyolia. Mara ya pili nilikata vipande vya nusu sentimita, nikavipaka ute wa yai, ndipo nikavigandamiza juu ya konfleksi nilizozivunja kwa vidole, zisiwe unga bali vipande vya ukubwa wa punje ya mchele. Baada ya dakika 12 kwenye nyuzi 180 zilitoka na rangi ya asali, zikinukia kimea, na ukiuma unasikia mlio kwanza, kisha ulaini wa siagi.

Nililinganisha na konfleksi za kupimiwa nilizonunua katika duka moja la mtaani. Zilikuwa nyembamba na zimepakwa sukari nyingi, zikaungua kabla biskuti haijaiva katikati. Ndiyo maana, ingawa boksi la Kellogg's lina bei ya juu zaidi, nalinunua bila kusita kwa ajili ya biskuti za wageni.

Nusu ya donge niliitia friza. Baada ya wiki 2 niliikata ikiwa bado ngumu, konfleksi nikazitia dakika ileile ya kuoka, na biskuti zilikuwa sawasawa na zile za mwanzo.