Nyumba ya urithi Lamu: kuiuza au kuipangisha?

Bei ya nyumba Shela na Mkomani, kisiwani Lamu, haifuati kipato cha mvuvi wala mshahara wa mwalimu. Inafuata mfuko wa mgeni, na warithi wengi hapo ndipo wanapoanza kutazamana.

Ukiuza, pesa zinakuja kwa mkupuo. Mirathi ya Kiislamu inagawa, mtoto wa kiume mafungu mawili, wa kike moja, kisha kila mtu na yake: ada ya chuo Mombasa, mashine ya boti, deni la duka. Kwa familia yenye kijana aliyekwisha kuitwa chuoni, mimi siibezi njia hii. Ubaya wake ni kwamba fungu la mtu mmoja halirudi kununua nyumba mtaa uleule. Bei ikipanda, faida ni ya aliyenunua.

Ukipangisha, kodi ni ndogo na hukatika msimu wa watalii ukiharibika. Nyumba ya mawe nayo hula pesa: chokaa, boriti za mikoko, fundi anayeijua kazi. Mkomani imo ndani ya mji wa kale ulioingia Urithi wa Dunia wa UNESCO mwaka 2001, kwa hiyo hubomoi ukajenga upendavyo. Lakini mali inabaki. Wenye nacho wa zamani walimpa binti nyumba akiolewa, na mume akiondoka, yeye alibaki kwake. Mshahara haukupi hilo.

Mimi ningepangisha, mradi warithi waandikiane kwanza nani anashika kodi na kiasi gani kinawekwa cha ukarabati.