Gemu za mdundo za aidoli wa Kijapani: ipi inastahili pesa yako

Tarehe 31 Machi 2023 mashabiki wa Love Live! School Idol Festival, gemu ya simu ya kugonga skrini kwa kufuata mdundo wa nyimbo za aidoli (waimbaji vijana wenye mashabiki sugu), waliifungua gemu yao kwa mara ya mwisho. Ilianza 2013, kwa hiyo ni karibu miaka kumi ya kadi (picha za aidoli unazokusanya), nyimbo na kukesha kutafuta pointi, kisha seva zikazimwa. Gemu iliyoirithi haikufikisha mwaka mzima Japani. Toleo lake la kimataifa lilitangazwa pamoja na siku ya kuzikwa: litoke Februari 2024, lifungwe 31 Mei mwaka huohuo. Ndiyo maana orodha hii nimeipanga kwa swali moja: ukishalipa, unabaki na nini mkononi?

Kwa swali hilo, ya kwanza ni Hatsune Miku: Project DIVA Mega Mix+ ya kompyuta, inayouzwa Steam, duka la gemu la mtandaoni. Miku ni sauti ya programu ya kompyuta ya kuimba, iliyotolewa na kampuni ya Crypton Future Media ya Sapporo tarehe 31 Agosti 2007, na watu wa kawaida ndio waliomtungia nyimbo nyumbani kwao mpaka akawa aidoli wa kujaza kumbi. Gemu hii ilitoka 2022, bei yake kamili ni dola 39.99, na ina nyimbo zaidi ya 170. Unalipa mara moja, basi. Haina bahati nasibu ya kadi. Jiandae tu kwa ugumu wake, maana alama hurukia skrini kutoka kila pembe na macho huchoka kabla ya vidole. Tafuta padi ya kuchezea gemu, na usiwe na haraka: ngoja Steam washushe bei.

Ya pili ndiyo ninayoipenda kuliko zote: Project Sekai, ambayo kwa Kiingereza inaitwa Colorful Stage!. Ilitoka Japani Septemba 2020, na toleo la Kiingereza likafuata Desemba 2021. Kupakua ni bure. Kati ya makundi yake matano, la aidoli hasa ni MORE MORE JUMP!: Minori anayekataliwa usaili baada ya usaili, na wenzake watatu waliowahi kuwa aidoli wakaacha. Kuna na matamasha ya ndani ya gemu, ambapo mashabiki husimama pamoja kama vikaragosi wakipunga taa za rangi ya wampendaye, yule wanayemwita oshi.

Ila pesa yako itaishia kwenye gacha, yaani bahati nasibu ya kadi, inayolipiwa kwa kristali, sarafu ya ndani ya gemu. Kuvuta kadi kumi ni kristali 3,000, na nafasi ya kadi adimu ya nyota nne ni asilimia 3 kwa kila kadi. Piga hesabu: karibu mara tatu kati ya nne utavuta kumi usipate hata moja. Ukitaka uhakika wa kuchagua kadi unayoitaka, ni mamia ya mivuto, yaani kristali makumi ya maelfu. Gemu inagawa kristali za bure kila siku. Ziweke miezi kadhaa umngojee oshi wako, na usinunue kristali siku uliyokasirika.

Ensemble Stars!! Music ni ya tatu. Hii ni ya aidoli wa kiume, toleo lake la Kiingereza lilikuja 2022, na hadithi zake ni ndefu. Kama hupendi kusoma, ruka. BanG Dream! Girls Band Party! ya 2017 naiweka ya nne kwa sababu ni ya bendi zaidi kuliko aidoli, ingawa waigizaji wa sauti wa Poppin'Party na Roselia hupiga vyombo wenyewe jukwaani, na hilo nalistahi sana.

Mwisho ni Starlight Stage ya 2015 na Theater Days ya 2017, zote za mfululizo wa gemu za THE IDOLM@STER. Nyimbo ni tamu kweli, lakini kila kitu ni Kijapani. Mashabiki wake hujiita maprodyuza, na kwenye matamasha hubadilishana kadi za biashara walizojichapishia, kwa mikono miwili, kama watu wa ofisini. Ukiwa nje ya Japani, cheza bure, usilipe.

Kabla ya kununua kristali hata moja, nunua hedifoni za waya. Zile za Bluetooth huchelewesha sauti, unagonga kwa wakati na gemu inakuandikia umekosa. Kama protekta ya skrini imepasuka au imeinuka pembeni, badilisha, kwani kidole kinachoteleza hukwama palepale. Kisha ingia kwenye mipangilio, tafuta sehemu ya kurekebisha muda, chagua wimbo wa polepole unaoujua kwa moyo, ufumbe macho na ugonge. Ukifumbua macho ukaona maandishi yanasema unawahi, sogeza namba hatua moja, urudie wimbo uleule mpaka kidole na ngoma viangukie pamoja.