Gemu za laptopu: wapi ununue ukiwa Unguja au Pemba, kuanzia bora mpaka ya kuepuka

Skuli zikikaribia kufungwa tu suali linakuwa moja, laptopu imeshapatikana, iwe ya mtumba kutoka Dubai au ya kaka mtu aliyepata mpya akaiachia ya zamani, sasa gemu zitoke wapi. Watu wengi wanaanza kutizama bei ya gemu, mie nasema bei ndio iwe ya mwisho, kwa sababu sie wa visiwani gharama kubwa iko kwenye kuishusha hiyo gemu na kubaki nayo.

Chukua mfano. eFootball ya Konami, ile iliyokuja badala ya PES mwaka 2021, ni ya bure, hulipi hata senti, lakini inataka nafasi ya kama GB 50. Kwa intaneti ya Mbps 10 isiyotetereka hata kidogo hizo ni saa 11 za kudaunlodi, na nani ana intaneti isiyotetereka saa 11 huku anategemea bando la simu, mara umeme umeondoka, mara uniti za mita ya umeme ya Tukuza zimeisha usiku na duka limeshafungwa. Halafu kuna Stardew Valley, gemu ya ukulima, dola 14.99, ukubwa wake MB 500 tu, kwa intaneti ile ile ni dakika saba. Piga hesabu ya bando utaona ile ya bure inaweza kukutoka pesa nyingi kuliko ya kununua! Ndio maana mie nazipanga hizi sehemu za kununua kwa suali hili: nikishaishusha mara moja, naweza kuiweka kwenye hadi diski, nikaiinstoo tena mwakani bila kuishusha upya, na ikafunguka siku ambayo hakuna intaneti? Mwezi wa tano 2024 mikonga ya chini ya bahari ilikatika na Tanzania nzima intaneti ikawa shida, siku zile ndio ukajua gemu gani ni yako kweli.

Kabla hujatoa pesa lakini ijue mashine yako. Bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika dxdiag, utaona prosesa, ramu na kadi ya picha. Zile HP EliteBook, Dell Latitude na ThinkPad zilizojaa madukani Darajani na Mlandege nyingi hazina kadi ya picha ya peke yake, zina ile ya Intel iliyomo ndani ya prosesa, na hiyo inaazima ramu ya mashine. Kwa hiyo ukiwa na kipande kimoja cha ramu cha 4GB na nafasi ya pili iko tupu, kaongeze kipande cha pili kabla ya kununua gemu yoyote, vipande viwili vikifanya kazi pamoja picha inakwenda vizuri zaidi na ndio matengenezo ya bei rahisi kuliko yote. SSD, ile diski ya kasi, nayo ni nzuri lakini itakuharakishia kufungua gemu, haitakuongezea kasi ya picha ukishaanza kucheza, fundi asikudanganye. Na joto jamani. Wakati wa kaskazi chumba kinawaka, laptopu ikipata joto inajipunguza kasi yenyewe ili isiungue, mtu anasema gemu mbovu kumbe ameiweka juu ya godoro na matundu yote yamezibwa. Weka juu ya meza, safisha vumbi la feni.

Haya sasa, mpangilio wangu.

Namba moja ni GOG. Najua wengi hawaijui, ni duka la mtandaoni lililoanzishwa na CD Projekt, kampuni ya gemu ya Poland, mwaka 2008 kwa kuuza gemu za zamani na sasa wanauza na mpya. Naiweka juu kwa sababu moja kubwa, gemu zao hazina kufuli. Ukishanunua unaingia kwenye akaunti yako, unakwenda sehemu ya mafaili ya kuinstoo oflaini, unashusha, na faili lile linakuwa lako, unaliweka kwenye hadi diski ya nje, laptopu ikifa unahamia nyengine unainstoo bila kuomba ruhusa kwa mtu na bila intaneti. Hata ukihamia Micheweni pahala ambapo mtandao unakuja na kuondoka, unacheza. Gemu kubwa wanazigawa vipande visivyozidi GB 4, na hili si jambo dogo kwa sababu flashi nyingi zinakuja na mfumo wa FAT32 ambao haupokei faili moja linalozidi GB 4, watu wanadhani flashi imekufa kumbe ndio mfumo wake ulivyo (ukiifomati kwa exFAT tatizo linaondoka, lakini inafuta kila kitu, hamisha vitu vyako kwanza). Wanarudisha pesa mpaka siku 30 baada ya kununua hata kama umeshaicheza. Na gemu zao za zamani ndizo zinazofaa hizi laptopu zetu, Heroes of Might and Magic III, The Witcher ile ya kwanza ya 2007, na za karibuni nyepesi kama Stardew Valley, Terraria, Hollow Knight, zote zipo. Kasoro yake, mpira wa kisasa hutaupata huko, na kwa vijana wetu mpira ni nusu ya maisha.

Namba mbili Steam, duka la kampuni ya Valve, ipo tangu 2003, na kwa wingi wa gemu hakuna anayeifikia. Kama siku zote uko na intaneti nzuri mjini basi kwako hii inaweza kuwa namba moja, sikukatazi. Ukiinunua gemu ukaona haichezeki kwenye mashine yako wanakurudishia pesa kama hazijapita siku 14 na hujaicheza kufika muda wa saa mbili, hii itumie bila haya, nunua, jaribu dakika 20, ikikwama rudisha. Gemu nyingi zinafunguka bila intaneti pia lakini lazima uwe umeshaingia na kuifungua angalau mara moja ukiwa mtandaoni, usisubiri mpaka bando liishe ndio ukumbuke.

Kitu kinachonifanya niipende Steam kwa mazingira yetu ni kule kuhamisha gemu kutoka kompyuta moja kwenda nyengine kwa ruta ya nyumbani, walikiweka mwaka 2023. Mmoja wenu mwenye intaneti ya uhakika anashusha eFootball, GB 50 zile, halafu wengine mnakuja na laptopu zenu mnaunganisha kwenye ruta yake na kila mtu kwa akaunti yake anaipata kutoka kwenye mashine ya mwenzake, intaneti inatumika kidogo tu ya kukagua. Mtaa mzima unashusha mara moja! Kwa gemu ya kununua kila mmoja lazima awe ameinunua, ila kwa za bure kama eFootball, Dota 2 na Counter-Strike 2 haina shida. Na kama ruta hakuna, kopi folda la gemu kwenye hadi diski, liweke kwenye folda la common lililomo ndani ya folda la steamapps kwenye mashine nyengine, kisha bonyeza instoo, Steam itayaona mafaili yaliyopo na kushusha yaliyopungua tu. Jambo la kwanza la kufanya ukishainstoo Steam ingia kwenye mipangilio ya kudaunlodi uweke saa za apdeti, mpe usiku kama bando lako ni la usiku, ukiiacha inavyotaka itakula bando la wiki asubuhi moja. Na mwenye Windows 7 au 8 ajue tangu Januari 2024 Steam haizihudumii tena, abadilishe Windows kwanza.

Namba tatu Epic Games Store. Ilianza Disemba 2018 na umaarufu wake ni gemu za bure kila Alkhamisi, ukishaidai, yaani kubonyeza uipokee, inabaki kwenye akaunti yako moja kwa moja hata kama hujaishusha. Ushauri wangu, fungua akaunti leo hata kama laptopu bado hujanunua, kila wiki ingia kwa simu udai, utakuja kukuta una maktaba. Rocket League na Fortnite ni huko. Lakini programu yao ni nzito kwenye mashine ya 4GB, na kuhamisha gemu ni kwa ujanja: unaanza kuinstoo, unasitisha, unaweka folda ulilokopi juu ya lile jipya, unaendelea, inakagua na kukubali. Inafanya kazi, ila si ya mtu mwenye haraka.

Namba nne zile za kulipa kila mwezi kama PC Game Pass. Siku ukiacha kulipa gemu zimefungwa, kwa hiyo zile GB ulizozishusha kwa shida zinabaki mzigo. Tena haziko nchi zote na watu wanadanganya nchi kwenye akaunti, mimi hilo silipendekezi. Zile za kucheza mtandaoni bila kuinstoo ndio kabisa, GeForce Now inataka angalau Mbps 15 muda wote unaocheza, na seva zikiwa mbali unabonyeza sasa mchezaji anapiga baadae.

Mwisho kabisa, na hapa naomba tusikilizane, ni zile gemu za kukopi madukani, unapeleka hadi diski unajaziwa. Naelewa kwa nini watu wanakwenda, ni rahisi na hazitaki kadi. Lakini kitu cha mwanzo unachoambiwa ni uzime antivairasi, na hiyo ndio laptopu yenye picha za familia, risala ya chuo na labda neno la siri la benki ya mama. Nimeshashika mashine za watu zimeingia vairasi, mafaili yote yamegeuka njia za mkato, feni inalia usiku kucha na hakuna kilichofunguliwa. Gemu hazipati apdeti, ikikosa faili la dll unazunguka wiki nzima kulitafuta kwenye mitandao ya ajabu, wakati ukiinunua GOG au Steam vitu vya kusaidia gemu ifunguke kama Visual C++ na DirectX vinajiweka vyenyewe. Na haki ya mtu ni haki ya mtu, hapa kwetu sheria ya hakimiliki ipo tangu 2003 na sote tunajua wasanii wa taarab walivyoumizwa na kaseti za kukopi, hatuwezi kulia kwa ajili yao halafu kwa mwengine tukafumba macho.

Kuhusu kulipa, bei kwetu zinakuja kwa dola, na si lazima uwe na kadi ya benki, ile kadi ya mtandaoni unayoitengeneza ndani ya M-Pesa au Airtel Money inatosha, weka shilingi zilizozidi kidogo kwa sababu ya kubadilisha fedha. Mwenye kadi ya Visa ya benki aiombe benki iifungulie manunuzi ya mtandaoni kwanza. Usinunue akaunti ya mtu kwenye WhatsApp hata akuapie, mwenyewe anaweza kuirudisha kwa barua pepe yake siku yoyote. Na usinunue kwa bei kamili kama unaweza kusubiri, Steam wana punguzo kubwa mwishoni mwa Juni na mwishoni mwa Disemba, Portal ya dola 9.99 imewahi kushuka mpaka senti 99.

Kwa mtu wa Wete au Chake mwenye ThinkPad ya 4GB na bando la simu: ongeza ramu, chukua Stardew Valley au Terraria GOG, fungua akaunti ya Epic udai za bure. Wa mjini mwenye 8GB na marafiki wapenda mpira: Steam na ruta moja, eFootball kwa wote, lakini mwenye kadi ya Intel peke yake ashushe ubora wa picha mpaka chini na asitegemee makubwa. Na anayeitaka EA Sports FC, ile ya mpira iliyokuwa ikiitwa FIFA, asinunue gemu kabla ya mashine, FC 24 peke yake inataka ramu ya 8GB, kadi kama GTX 1050 Ti na nafasi ya GB 100, EliteBook ya mtumba haina hivyo, kwa hiyo ukienda dukani muulize muuzaji kadi ya picha gani imo ndani, umwambie aifungue dxdiag mbele yako.