Ndoa ya bomani mkoani Tabora: huduma, masharti na ubao wa matangazo

Ndoa ya kiserikali, ambayo wengi wetu huiita ndoa ya bomani, ni huduma ambayo mtu huifuata mara moja au mbili tu maishani, kwa hiyo wanaoifahamu vizuri ni wachache na wanaoisimulia kwa kubahatisha ni wengi. Ninaitathmini hapa baada ya kusimama shahidi wa mdogo wangu wa kiume, ambaye ni Mwislamu mzaliwa wa Tabora, na mchumba wake, ambaye ni Mkristo aliyekulia Kasulu, katika ofisi ya mkuu wa wilaya moja ya mkoa huu. Kwa maoni yangu huduma yenyewe ni nzuri, watumishi waliotupokea walijua kazi yao, na sheria inayoisimamia ina kinga nyingi kuliko watu wanavyodhani. Kasoro yake moja kubwa ni tangazo la siku 21 la nia ya kuoana, ambalo lilitungwa kwa nia njema na linatekelezwa kana kwamba halikukusudiwa kusomwa na mtu yeyote.

Sheria inayohusika ni Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, ambayo sasa ni Sura ya 29 ya sheria za nchi, na inatumika Tanzania Bara. Sheria hiyo inatambua ndoa inayofungwa kiserikali, ya Kiislamu, ya madhehebu ya dini nyingine na ya kimila, na zote zina uzito uleule mbele ya mahakama. Kwa wachumba wa dini mbili tofauti ambao hakuna kati yao anayetaka kubadili dini, bomani ndiko mahali pasipoleta ubishi, na hiyo ndiyo sababu iliyotupeleka huko. Msajili wa ndoa wa wilaya anapatikana katika ofisi ya mkuu wa wilaya, na kumbukumbu zote huishia kwa Wakala wa Usajili, Ufilisi na Udhamini, yaani RITA, ambao mkuu wake ni Kabidhi Wasii Mkuu.

Nyaraka tulizotakiwa kupeleka hazikuwa za ajabu: vyeti vya kuzaliwa, vitambulisho vya taifa, picha za pasipoti, na barua ya utambulisho kutoka serikali ya mtaa anakoishi kila mmoja. Aliyewahi kuoa au kuolewa hudaiwa pia uthibitisho kwamba ndoa ya awali imekwisha, ama hati ya talaka iliyotolewa na mahakama, ama cheti cha kifo cha mwenzake. Ingekuwa rahisi sana kubandika orodha hii mlangoni, lakini haikuwapo mahali popote, na kila mtu aliyekuwa kwenye benchi pamoja nasi aliijua baada ya kurudishwa. Pengo hilo linajazwa na maduka ya steshenari yaliyo karibu, ambayo huuza ushauri pamoja na fotokopi. Katika mojawapo tuliambiwa kwa uhakika wote kwamba lazima wazazi wa pande zote mbili wafike na kutia saini, jambo ambalo halina ukweli wowote kwa wachumba waliokwisha kutimiza miaka 18. Laiti tungeyaamini hayo, mama mzazi wa shemeji yangu angesafirishwa bure kutoka Kasulu.

Sasa nije kwenye tangazo. Sheria inataka wachumba watoe taarifa ya nia ya kuoana angalau siku 21 kabla ya siku ya ndoa. Taarifa hiyo hutaja majina, umri, makazi na wazazi wao, hali ya kila mmoja kama hajawahi kuoa au kuolewa, ni mjane au ni mtalaka, na iwapo ndoa inakusudiwa kuwa ya wake wengi, hutaja hilo pia pamoja na wake waliopo. Taarifa hutangazwa, na mtu yeyote anayejua kizuizi cha kisheria anaweza kuweka pingamizi, na pingamizi likishawekwa ndoa husubiri mpaka liamuliwe. Vizuizi vyenyewe vinaeleweka: undugu wa karibu wa damu au wa kuasili, mwanamke ambaye bado ana mume, mwanamume ambaye tayari ana ndoa ya mke mmoja, au mmoja wa wachumba kutoridhia kwa hiari yake. Zaidi ya hayo, mke wa mwanamume mwenye ndoa inayoruhusu wake wengi ana haki ya kupinga mumewe asiongeze mke mwingine, kwa mfano kwa kuonyesha kwamba kipato cha mume hakiwezi kubeba mzigo huo bila kumtesa yeye na watoto wake wadogo. Ni wanawake wachache sana niliowahi kuongea nao wanaojua kwamba haki hiyo ipo.

Watu wengi hulalamikia siku 21 kwamba ni nyingi mno, hasa wenye kamati ya harusi iliyokwisha kulipia ukumbi. Mimi nasema siku zenyewe zinatosha, lakini hazitumiki ipasavyo. Ubao wa matangazo wa ofisi tuliyokwenda uko ukutani katika korido ya ndani, una kioo na kufuli dogo, na karatasi ya mdogo wangu ilibanwa kwa pini mbili chini ya tangazo la zabuni, hivi kwamba mistari ya juu, yenye majina, ilifunikwa na ukingo wa karatasi iliyo juu yake. Anayepita pale ni mtumishi anayekwenda masijala na mwananchi anayetafuta chumba cha mtu fulani. Tulipowauliza watumishi kama kuna pingamizi linalowahi kuja kutokana na ubao ule, mmoja wao alicheka kwa adabu na kusema kwamba pingamizi huletwa na majirani waliosikia habari za harusi mtaani.

Tatizo hili lina uzito wa pekee katika mkoa kama wetu. Tabora ni mkoa wa tumbaku, mizinga ya nyuki na reli, na wanaume wengi hukaa msimu mzima Urambo, Kaliua au Sikonge, mbali na nyumba zao, na wengine hupanda treni kuelekea Kigoma au Mwanza na kuanzisha maisha ya pili huko waendako. Mtu ambaye tangazo lile linapaswa kumfikia ni mke aliye kijijini kwingine, na mke huyo hatakanyaga korido ya ofisi ya wilaya ndani ya siku hizo 21. Hata sisi, kama shemeji yangu angekuwa na mume Kasulu, hakuna mtu wa Kasulu ambaye angelipata habari kupitia karatasi iliyobandikwa mkoani Tabora. Parokiani, ambako matangazo ya ndoa husomwa kwa sauti mbele ya waumini Jumapili baada ya Jumapili, na katika parokia ya nyumbani ya kila mchumba pia, shabaha hiyohiyo hupatikana bila gharama. Serikali ina watendaji wa kata na wa vijiji nchi nzima, na barua za utambulisho zimetoka kwao hao hao. Nakala ya tangazo ingeweza kurudi kwao kwa njia ileile, ikabandikwa pale watu wanapogawiwa pembejeo za ruzuku, na kazi ikawa imefanyika.

Sehemu nyingine ya fomu inayostahili utulivu ni ile inayouliza aina ya ndoa. Ndoa iliyofungwa Kiislamu au kimila, sheria huidhania kuwa ni ya wake wengi au inayoweza kuwa hivyo, mpaka ithibitishwe vinginevyo. Ndoa nyingine zote, ikiwamo ya bomani, hudhaniwa kuwa ni ya mke mmoja. Dhana hizo si mwisho wa maneno, kwa sababu ndoa ya bomani nayo inaweza kuandikwa kuwa ya wake wengi endapo wote wawili wanataka. Hapa ndipo msajili wetu alipopata alama zote kutoka kwangu. Alipofika kwenye mstari huo aliweka kalamu chini, akampita mdogo wangu, akamgeukia shemeji yangu na kumwuliza, "Binti, hapa pameandikwa mke mmoja. Mmekubaliana, au mmoja ameandika na mwingine amesaini?" Shemeji akamjibu, "Tumekubaliana, mheshimiwa, na nimeandika mimi." Msajili akawaeleza kwamba wakitaka kubadilisha baadaye haitoshi mume kusema, ni lazima wote wawili watoe tamko kwa hiari mbele ya jaji au hakimu, liandikwe na kusainiwa. Akaongeza kwamba ndoa ya Wakristo wawili iliyofungwa kanisani haibadiliki kuwa ya wake wengi maadamu wote wawili wanaendelea kuwa Wakristo. Maelezo hayo hayakuchukua muda mrefu, na niliwaona wachumba wengine waliokuwa mlangoni wakisogea ili wasikie.

Baba yetu mdogo, aliyefuatana nasi kwa niaba ya ukoo, alishangaa kwamba hakuna aliyegusia ng'ombe. "Mheshimiwa, mbona hujatuuliza habari za mahari?" aliuliza. Msajili, ambaye kwa umri angeweza kuwa mwanawe, alimjibu kwa heshima, "Mzee wangu, hayo ni yenu nyumbani, sheria hainitumi kuyauliza." Na ndivyo ilivyo: ndoa iliyofungwa ipasavyo haibatiliki kwa sababu desturi ya mahari haikukamilishwa. Mzee aliliafiki hilo kwa shingo upande, na mazungumzo ya ng'ombe yalihamia kwenye gari wakati wa kurudi.

Kuhusu umri, yafaa kueleza kwa makini, kwa kuwa bado kuna wazazi wanaotembea na nakala ya zamani kichwani. Kifungu cha 13 cha sheria ya mwaka 1971 kiliweka miaka 18 kwa mwanamume na 15 kwa mwanamke, na kifungu cha 17 kiliruhusu msichana wa chini ya miaka 18 kuolewa kwa ridhaa ya mzazi. Mwaka 2016, katika kesi iliyofunguliwa na Rebeca Gyumi, Mahakama Kuu ilitamka kwamba vifungu hivyo vinakwenda kinyume cha Katiba, na tarehe 23 Oktoba 2019 Mahakama ya Rufani ilikataa rufaa ya serikali. Aidha, tangu marekebisho ya Sheria ya Elimu ya mwaka 2016, kumwoa mwanafunzi ni kosa ambalo adhabu yake inafika kifungo cha miaka 30. Nilifarijika kuona kwamba vyeti vya kuzaliwa vilikaguliwa kwa macho mawili, herufi kwa herufi, kabla ya jambo lingine lolote. Mkoa wa Tabora umetajwa mara nyingi miongoni mwa mikoa inayoongoza kwa ndoa za utotoni, na mezani pa msajili ni mahali pazuri pa kuanzia kuiondoa sifa hiyo.

Siku ya ndoa yenyewe haina mengi ya kusimulia. Mashahidi wanatakiwa wasiopungua wawili. Msajili aliwauliza wachumba kila mmoja kwa zamu kama anaridhia, wakajibu, akawatamka kuwa mume na mke, kisha wanandoa, mashahidi na msajili wakatia saini. Chumba ni kidogo, viti havitoshi, na anayetaka nyimbo na vigelegele apange kuvifanya nyumbani. Malipo yalifanyika kwa kumbukumbu namba ya serikali kupitia simu, risiti ikaja papo hapo, na hakuna aliyetuomba kitu mkononi. Wenye dharura ya kweli, kama safari au ugonjwa, wanaweza kumwomba Msajili Mkuu kibali cha kuondolewa sharti la siku 21, ila ombi hilo linahitaji sababu ya maana na halipatikani kwa kujuana.

Wapo watakaouliza faida ya kuhangaika yote haya wakati wenzao wanaishi kwa mtindo wa sogea tuishi na hawajapungukiwa na kitu. Ni kweli kwamba kifungu cha 160 cha Sheria ya Ndoa huwadhania kuwa mume na mke watu waliokaa pamoja miaka 2 au zaidi na kutambulika hivyo katika jamii. Hata hivyo, dhana hiyo inaweza kupingwa, na anayeitegemea hulazimika kuleta mashahidi mahakamani, mara nyingi baada ya mwenzake kufariki na shangazi wa marehemu wamekwisha kuchukua funguo. Mwenye cheti huingia katika mirathi na katika bima ya afya ya mwenzake bila kesi, na nyumba ya ndoa haiwezi kuuzwa wala kuwekwa rehani bila ridhaa yake.

Kwa wasomaji wa upande wa Kigoma, ambako uchumba wa kuvuka ziwa au mpaka ni jambo la kawaida, mchumba asiye raia ajiandae kuleta pasipoti yenye kibali halali cha kuwapo nchini pamoja na hati kutoka kwao inayothibitisha kwamba hana ndoa nyingine, na hati iliyoandikwa kwa Kifaransa itafsiriwe mapema na mtu anayetambulika. Kuoana hakumpi mgeni uraia papo hapo; Sheria ya Uraia ya mwaka 1995 humpa mke mgeni wa Mtanzania haki ya kuuomba, lakini mume mgeni wa Mtanzania hakupewa njia hiyo, naye hufuata utaratibu wa kawaida wa tajnisi, yaani wa mgeni yeyote anayeomba uraia. Wachumba wa namna hiyo waanze na ofisi ya uhamiaji kabla ya kwenda kwa msajili, na wasilipie ukumbi mpaka nyaraka za mgeni zimekubaliwa na siku 21 zimeanza kuhesabiwa.